Fundi Cherehani Kwenye Ghala la Majeruhi

Mwanangu Aziza,

Amani iwe nawe popote utakapoifungua barua hii. Nitaandika juu ya bahasha kwamba uisome ukifika, lakini najua utaisoma ndani ya basi kabla hamjapita Minago. Umelelewa na mama yako, na mama yako hajawahi kuona kitu kimefungwa akakiacha hivyo.

Habari za chandarua, za kula vizuri na za marafiki wasiofaa ameshakueleza yeye, na kesho atazirudia dirishani huku basi likiondoka. Mimi huko sina la kuongeza. Nina habari nyingine, ambayo ningepaswa kukupa siku ile uliyotuambia mezani kwamba umechaguliwa kwenda kusomea uuguzi wa jeshi. Siku ile nilisema "Hapana", nikanyanyuka, nikaacha nusu ya mukeke wangu kwenye sahani. Mama yako, ambaye tangu tuoane hajaniona nikiacha samaki, alinishika paji la uso akitafuta homa.

Wewe ulidhani nakataa kwa sababu siijui kazi hiyo. Aziza, naijua. Niliifanya vibaya, lakini niliifanya.

Ilikuwa wakati wa vita, mapigano yaliposhuka kutoka milimani mpaka huku kando ya ziwa. Watu waliacha kushonesha nguo. Mtu asiyejua kesho atalala wapi haji kupimwa suti. Nilikuwa nakaa mlangoni pa duka langu hapa Rumonge, futi kamba shingoni, mkasi mkononi, na hakuna hata mtu wa kumkatia mfuko. Siku moja akaja bwana mmoja mrefu, mwembamba, amevaa koti jeupe lililokwisha kuwa kahawia, anaendesha baiskeli ya kike. Jina lake Gaspar. Alikuwa daktari, na sisi sote tulimwita Dokteri. Zahanati aliyokuwa akifanyia kazi ilikuwa imeungua, kwa hiyo alichukua ghala la mawese karibu na Minago akaligeuza kuwa wodi ya majeruhi.

"Fundi, unajua kukata kitambaa kikanyooka?" akaniuliza.

"Ndiyo kazi yangu, Dokteri."

"Unaogopa damu?"

"Hata kidogo."

Damu niliyokuwa nimeiona mpaka siku hiyo ilikuwa ya mbuzi wa Idi, na hata huyo nilikuwa nikimpa mgongo. Ningependa kukuambia kwamba nilikubali kwa kuipenda nchi yangu. Nilikubali kwa sababu alisema kuna chakula mara mbili kwa siku. Nikafunga cherehani kwenye baiskeli yake, nikamfuata kwa miguu.

Ghala lenyewe lilikuwa limehifadhi mawese kwa miaka mingi, na sakafu ilikuwa imeyanywa. Ukikanyaga kwa haraka unateleza, na hospitalini kila mtu anakanyaga kwa haraka. Siku ya kwanza tulimpokea majeruhi mwenye jeraha la bega, tukamwingiza kwenye machela, mimi mbele na mwenzangu nyuma. Nikateleza. Machela ikaondoka peke yake kama mtumbwi, ikapita wagonjwa wote, ikagonga ukuta wa mwisho. Yule majeruhi akainua kichwa, akauliza kwa upole kabisa, "Tumefika?" Baada ya hapo Dokteri alitutuma tukachote mchanga ufukweni, tukamwaga chini, na hospitali ikatulia.

Kazi yangu ya kwanza ya kweli ilikuwa kumvua askari suruali. Alikuwa amepigwa paja, na Dokteri alitaka kuliona jeraha. "Kata," akaniambia, akageukia mgonjwa mwingine. Sasa mwanangu, ile suruali ilikuwa ya kitambaa kizuri, kizito, mshono maradufu, kazi ya fundi aliyeheshimu kazi yake. Mkono ulikataa kuikata. Nikatoa wembe, nikaanza kufumua mshono wa pembeni, uzi mmoja baada ya mwingine, ili baadaye iweze kushonwa tena.

Dokteri akageuka. "Hamisi, unafanya nini?"

"Nafumua, Dokteri."

"Huyu mtu anavuja damu."

"Nimefika gotini, Dokteri. Bado kidogo tu."

Hakunigombeza. Alichukua mkasi wangu, mkasi wangu mwenyewe wa kazi, akaipasua ile suruali toka chini mpaka kiunoni kwa mkato mmoja, kama mtu anayepasua jani la mgomba. Nikaliona jeraha. Kisha nikaiona dari. Niliambiwa baadaye kwamba nilianguka juu ya ndoo ya maji yaliyochemshwa kwa ajili ya vyombo, na kwamba mtu wa kwanza kutibiwa mchana ule nilikuwa mimi. Kwa hiyo shauri langu la kwanza ni hili: ukihisi masikio yanaanza kulia na miguu inakuwa ya mtu mwingine, kaa chini mapema. Usiseme utajikaza. Wanaojikaza huwa wanaangukia vitu vya muhimu.

Tangu siku ile nilikata. Nilikata makoti, mashati, mikanda, hata viatu. Mtu akiingia, baada ya muda mfupi alikuwa amelala kwenye mkeka akiwa na kitenge cha mwanamke tu, maana vitenge ndivyo akina mama wa Minago walivyotuletea. Na hapo ndipo nilipogundua jambo ambalo Dokteri alikuwa akilijua tangu mwanzo: ukishamvua mtu sare, huwezi tena kujua alikuwa anampigania nani. Wote walikuwa na vitenge vya maua, wote walikuwa wanaulizia chakula. Bunduki zilibaki nje. Dokteri hakuruhusu hata kisu kidogo kivuke mlango, isipokuwa vyake.

Siku moja wakaletwa wawili kwa wakati mmoja. Wa kwanza alikuwa kaporali wa serikali, jina lake Nestori, mtu mnene mwenye sauti ya kuita feri. Bunduki yake ilikuwa imemwanguka ikafyatuka ikampiga mguuni, kwenye kidole gumba. Alikuwa analia hivi kwamba watu wa sokoni walisimama. "Muganga, mie nakufa. Mama yangu aambiwe. Mie nakufa kabisa." Wa pili aliletwa na wakulima, amebebwa kwenye blanketi. Hakusema kitu. Aliangalia tu juu.

Asubuhi ile ile Dokteri alikuwa ametufundisha. Alipenda sana kutufundisha, hasa habari za zamani. Alituambia kwamba hapo kale, jeshi likipigana, waliokuwa wakitibiwa kwanza ni wakubwa wenye vyeo, na askari wadogo waliachwa uwanjani mpaka vita viishe. Ndipo akatokea daktari mmoja wa jeshi la Wafaransa akasema hapana, atatibiwa kwanza aliye karibu na kufa, awe jenerali au mpishi. "Na aliye karibu na kufa," Dokteri akasema, "mara nyingi hana sauti. Kulia kunataka pumzi. Anayepiga kelele ana pumzi. Mwendeeni aliyenyamaza." Niliitikia kwa kichwa kwa nguvu kuliko wote kuonyesha nimeelewa.

Halafu Nestori akaletwa, nikamkimbilia Nestori. Nilimshika mkono, nikampepea, nikamwambia mama yake ataambiwa. Yule wa blanketi nilimpita kama kiti.

Aliyemwona ni mpishi wetu. Alikuwa msichana wa Gatete, jina lake Mwajuma, anapita na sufuria ya maharage akigawa. Akarudi kwa Dokteri, sufuria bado mkononi, akasema: "Yule mutu wa kwenye blanketi iko shida. Nimepita na maharage, hajageuza hata macho."

Dokteri alikimbia. Yule mtu alikuwa anavuja damu upande wa nyuma wa paja, blanketi limenywa yote, juu hakuna kinachoonekana. Walimfunga, wakamwekea serumu, yale maji ya chupa yanayoingia mshipani, wakapigana naye mchana kutwa. Aliishi. Jina lake Bosco, na alikuwa mpiganaji wa upande wa pili, wa wale tuliowaita watu wa porini. Huyo Mwajuma, kama hujakisia, ndiye anayekuita sasa hivi, ninapoandika, kutoka jikoni. Mpaka leo, mtu akija nyumbani kwetu akakataa chakula, utaona mama yako anamtazama mgongoni.

Nestori na Bosco waliwekwa mkeka kwa mkeka, maana hapakuwa na nafasi kwingine. Walijuana kuwa ni wa pande mbili tangu Bosco alipofungua mdomo kwa mara ya kwanza kuomba maji na kusema anamtafuta komanda wake kwa jina la msituni.

"Huyu iko mutu wa porini," Nestori akaniambia kwa sauti aliyodhani ni ya siri.

"Na weye ndiye uliyejipiga mwenyewe," Bosco akamjibu.

Ndivyo walivyoanza. Waligombania mkeka, waligombania upepo wa dirisha, waligombania nani anakoroma usingizini. Nestori alidai maharage ya Bosco ni mengi kuliko yake kwa sababu mpishi anamhurumia. Ilikuwa vita kamili, ila bila bunduki, na mimi nikiwa katikati na bandeji zangu.

Dokteri aliona ni heri awape jambo la kusikiliza. Kila alasiri, kazi ikipungua, alikaa juu ya pipa akawasimulia habari za waganga wa jeshi wa zamani. Walikuwa wanapenda kama watoto. Siku moja akawasimulia jinsi zamani, huko Ulaya, mtu akipigwa risasi, waganga waliamini baruti ina sumu, na ili kuiua sumu walichemsha mafuta wakayamimina ndani ya jeraha. Watu wakaguna. Dokteri alikuwa anakusudia kuendelea, aeleze jinsi mganga mmoja alivyoishiwa mafuta vitani, akawapaka waliobaki dawa ya kawaida tu, na asubuhi akakuta hao ndio wamelala vizuri, na wale wa mafuta ya moto wana homa na maumivu. Hiyo ndiyo ilikuwa sehemu nzuri ya habari. Lakini aliitwa nje kabla hajaifikia.

Basi Nestori akabaki na nusu ya historia. Akalala palepale, anawaza, ndani ya ghala la mawese. Na haukupita muda, kutoka jikoni nyuma ya ukuta, mama yako akaweka mafuta kwenye sufuria kubwa ili akaange vitunguu vya maharage. Mawese yakaanza kutoa moshi. Harufu ikaingia wodini, na pamoja nayo sauti ya Dokteri kutoka uani: "Mwajuma, yamechemka? Mwanzie kaporali, yeye ndiye analalamika zaidi."

Alikuwa anasema habari ya chakula.

Sikumwona Nestori akiondoka. Niliona kitenge tu kikipita dirishani. Mtu mnene, mguu mmoja umefungwa pansema, bandeji kubwa kama mto wa kulalia, alikimbia kwa mguu mmoja mpaka ziwani. Tulimtafuta mpaka jua likazama. Alikuwa amejificha kwenye matete, maji yamemfika kiunoni, na alipotuona tunakuja na Dokteri mbele, alituelekezea fimbo na kusema atapigana mpaka mwisho. Ilibidi mama yako aje mwenyewe na sahani, ale kwanza yeye, ndipo Nestori akaamini kwamba mafuta yale yalikuwa ya vitunguu.

Matete yale yalikuwa na mbu. Baadaye malaria ikampanda vibaya sana, akaanza kuongea na watu ambao hawapo. Dokteri akamwekea serumu yenye kinini. Unajua mwenyewe chupa ya serumu lazima ining'inie juu. Tulikuwa tumepiga misumari ukutani, lakini ule ukuta ulikuwa umelowa mawese, msumari ukikaa kidogo unatoka wenyewe. Tulijaribu kamba, ikateleza. Mwisho Dokteri akawatazama waliokuwa jirani na Nestori, akamwona Bosco amekaa, mguu umefungwa kwenye mabanzi ya mbao usikunjike, lakini mikono mizima.

"Weye, shika hii juu," akamwambia. "Ukiishusha, damu yake inarudi kwenye mpira."

Bosco akaitazama chupa, akamtazama Nestori. "Yeye akipona ataendelea kukoroma."

"Ataendelea," Dokteri akasema, akaondoka.

Bosco akashika. Alishika kwa mkono wa kulia, akachoka, akashika kwa wa kushoto. Nestori katika homa yake alikuwa akifumbua jicho moja na kusema, "Juu zaidi," kama mtu aliyemwajiri. Na sisi wengine tulizoea kuwaona hivyo, mmoja amelala, mwingine ameinua mkono kama mwanafunzi anayetaka kujibu swali ambalo mwalimu hamwulizi.

Katika hali hiyo ndipo alipokuja yule ofisa. Aliingia na askari wawili, wote wenye bunduki, wakapita mlango ambao bunduki haipiti. Dokteri alikuwa katikati ya kushona tumbo la mtu, hakuweza kunyanyuka. Mimi nilikuwa na bandeji mikononi, nikasimama nazo.

"Amahoro," ofisa akasalimu. "Nimeambiwa hapa iko mutu wa porini. Nimekuja kumchukua."

Alitazama mikeka, akaona vitenge. Akapita mmoja mmoja akiangalia nyuso, mikono, miguu. Alipofika kwa Bosco akasimama. Labda ni jinsi Bosco alivyoshindwa kumtazama. Mimi moyo ulinishuka mpaka kwenye kandambili. Nikamtazama Nestori, maana ofisa alikuwa wa jeshi lake, na Nestori ndiye mtu pekee pale ambaye kwa majuma mazima alikuwa akisema angefurahi Bosco akiondoka.

Ofisa akamtambua kaporali. "Nestori, huyu ni nani?"

Kinini huliza masikio mpaka mtu asisikie vizuri, Aziza, utawaona wagonjwa wako. Nestori akaweka mkono sikioni. "Bado hayajaiva."

"Nakuuliza huyu ni nani."

"Walisema maharage saa sita."

Ofisa akainama, akapiga kelele: "Huyu anayeshika chupa ni nani?"

Nestori akamwangalia Bosco, akaiangalia chupa. Kisha akasema, "Huyu ndiye anayeshika chupa. Kama unamwondoa, weka mwingine. Mie bado nina nusu."

Mpaka leo sijui kama alisikia au hakusikia. Nimemwuliza mara nyingi, na kila mara anaweka mkono sikioni.

Ofisa akamwamuru askari mmoja aichukue ile chupa. Kijana yule akaipokea, lakini alikuwa na bunduki begani, mkono ukaelemewa, akaishusha mpaka usawa wa kifua. Damu ya Nestori ikaanza kupanda kwenye mpira, polepole, nyekundu. Yule askari akaitazama ikimjia. Nilizijua zile dalili. Nikasema, "Kaa chini, ndugu yangu," lakini alikuwa amekwisha kuondoka. Alianguka kama gunia la mihogo, bunduki huku, yeye kule, na Bosco akanyoosha mkono akaidaka chupa kabla haijafika chini, akairudisha juu. Hata hakufikiri. Alikuwa amezoea.

Dokteri akasema bila kuinua kichwa kutoka kwenye lile tumbo: "Hamisi, mvue huyo suruali umlaze. Sasa ni mgonjwa wangu."

Wagonjwa wakaanza kucheka. Mmoja alianza, akashika mshono wake, akasema naomba msinichekeshe, na hapo ndipo wote wakashindwa. Ofisa alisimama katikati ya wanaume wanaocheka wakiwa na vitenge, akiwa na askari mmoja aliyebaki na mwingine ninayemfungua mkanda. Alisema atarudi. Mama yako akampa sahani ya maharage, akaila akiwa amesimama, akaondoka. Mapigano yalihamia kwingine, hakurudi.

Sitaki udhani tulicheka kila siku. Wengi walikufa, na ghala lile lilikuwa na siku ambazo hata Nestori hakuwa na la kusema. Kulikuwa na askari mmoja mwenye suruali ya bluu ya kiraia, ambayo alikuwa ameificha ndani ya mkoba wake kwa ajili ya siku ya kurudi nyumbani. Ilikuwa imechanika. Aliniomba niitengeneze. Nikaitengeneza vizuri, nikaweka na mkunjo, nikaipiga pasi ya makaa. Nilipomletea alisema, "Iache hapo miguuni niwe naiona." Tukamzika nayo. Sina mafunzo yoyote kuhusu hilo. Nilipiga pasi, akaiona, basi. Siku ile uliyosema jeshi, ni yeye niliyemkumbuka, na ndiyo sababu sikuweza kumeza.

Baadaye hali ikatulia kidogo, na waliopona wakaanza kuruhusiwa. Hapo likaja tatizo ambalo daktari yeyote wa vita angekuwa amelifikiria, sisi hatukulifikiria: hawakuwa na nguo. Nilikuwa nimezikata zote. Hatukuweza kuwaacha wanaume wapite barabarani na vitenge. Mfanyabiashara mmoja wa Rumonge aliyekuwa anahama alitupa jora zima la kitambaa cha mapazia, kijani, chenye maua mekundu makubwa kama sahani. Nikakaa kwenye cherehani hii hii, nikashona suruali. Zote za maua. Ya Bosco niliipanua mguu mmoja kwa sababu ya mabanzi. Nestori alidai mifuko ya nyuma, nikamwekea, ua moja likakaa kila upande, akasema hajawahi kupendeza hivyo.

Waliruhusiwa siku moja. Nestori alikuwa na barua ya Dokteri ya kuachishwa jeshi kwa sababu ya mguu, na Bosco alikuwa anataka kufika kwa mama yake huku Gatete. Kati ya Minago na Gatete kulikuwa na kizuizi cha askari barabarani. Bosco hakuwa na karatasi yoyote. Dokteri akatuazima ile baiskeli yake ya kike, tukamkalisha Bosco nyuma, Nestori akashika usukani apate kuegemea, mimi nikasukuma. Na mimi nilikuwa nimevaa suruali ya maua vilevile, maana jora lilibaki.

Kwenye kizuizi askari walitutazama tangu mbali. Tulipofika, mkubwa wao hakuuliza karatasi. Alizitazama suruali tatu.

"Nyinyi ni wa kwaya gani?" akauliza.

Nestori angeweza kusema yeye ni kaporali, wangempigia saluti apite, na sisi wawili tungebaki kuulizwa. "Ya Minago," akasema.

"Imbeni, basi."

Aziza, sijapata kuogopa hivyo maishani. Nestori akaanza, na kwa kuwa kinini kilikuwa kimemwachia nusu ya masikio, aliimba kwa sauti yote, na wimbo alioukumbuka ulikuwa wa kupiga gwaride. Bosco alianza wakati huohuo wimbo wa kanisani wa utoto wake. Mimi sijawahi kuingia kwaya, nilijua kasida tu za madrasa, nikaimba kasida. Tuliimba zote tatu pamoja, mpaka mwisho, hakuna aliyethubutu kunyamaza kabla ya wenzake. Wale askari walikuwa wameegemeana, machozi yanawatoka. Mkubwa wao akainua mti wa kizuizi kwa mkono wake mwenyewe.

"Piteni," akasema. "Piteni, kwa sauti hizo mtatuletea mvua."

Tulipita, na tuliendelea kuimba mpaka tulipopinda kona, kwa hofu tu. Baada ya kona Bosco alishuka, akakaa kando ya barabara, akalia. Nestori akasimama karibu naye, akamwambia aliimba chini sana, hakuwa anasikika.

Unawajua wote wawili. Nestori ndiye yule mzee wa michikichi wa Gatete anayekuita shemeji bila sababu. Bosco ndiye anayetuletea ndagala, dagaa wa ziwani, kutoka Magara, ambaye hukataa kukaa ndani, anakaa kizingitini. Hukujua kwa nini wawili hao wakikutana kwetu hugombana, kisha wanakula sahani moja. Sasa umejua. Dokteri Gaspar alihamishwa, na sikumwona tena.

Utajifunza mengi huko ambayo mimi siyajui hata jina. Watakuonyesha mashine. Mimi nilichokuwa nacho ni mkasi na hofu, na watu walipona, na wengine hawakupona, na hata sasa sijui ni kwa sababu ya nini kwa kila mmoja. Wakati mwingine utafanya kila kitu sawa, na bado utarudi chumbani kwako mikono mitupu. Siku kama hiyo usiniandikie kwamba uko salama. Niandikie ilivyokuwa. Mimi nitaelewa, na mama yako nitamsomea vile anavyopenda.

Nilikosa kukuambia ndiyo. Nimetafuta namna nzuri ya kuiandika, sikuipata, kwa hiyo naiandika hivihivi: ndiyo, mwanangu. Nenda.

Mama yako ananiita. Anasema sanduku lako limejaa mno, halifungi, nije nilikalie ili avute zipu. Nimemjibu nakuja. Namaliza tu kuandika, halafu nitakwenda kulikalia, na nitalikalia polepole sana.

Baba yako,
Hamisi